Siku ya kuzaliwa, hesabu safari zilizobaki, si miaka

Ukitimiza miaka 40 umeishi siku kama 14,610, na tarakimu hiyo haikuambii kitu. Fanya hivi: andika jina la mtu mmoja, kisha hesabu ni mara ngapi mtaonana tena. Tuseme unakaa Nakuru, mama yuko Siaya, ana miaka 70, nawe huenda nyumbani Pasaka na Krismasi tu. Akijaliwa kufika 80, zimebaki safari 20. Papo hapo panga ya 21: weka tarehe na utenge nauli ya matatu kabla keki haijaisha.

Inafanya kazi kwa sababu akili haihisi "miaka kumi", lakini safari 20 inazihisi. Wastoiki, wanafalsafa wa Roma ya kale, waliliona hili zamani: kifo hakiko mbele tu, miaka iliyopita tayari kimeichukua.

Hujui tarehe yako? Wazee wengi kitambulisho kimewaandikia 1 Januari tu. Jina litasaidia, maana Waluhya na Waluo huwapa watoto majina ya wakati waliozaliwa: Wekesa ahesabu kwa mavuno, Wafula kwa mvua. (Otieno amejua tu kwamba alizaliwa usiku, pole yake.)

Hesabu hii huharibika ukiandika majina sita. Unapata huzuni bila safari hata moja. Ukiwa matangani au moyo umekwisha kuzama, iache kabisa hadi mwaka ujao. Na usimsomee mama hesabu yenyewe. Mpigie umwambie unakuja Jumamosi.