Sinia la Idi bila oveni: kashata, labania na tende kwenye jiko moja

Kila Ramadhani inapoingia kumi la mwisho, simu yangu hujaa swali lilelile: "Dada, mimi sina oveni, nitatengeneza nini cha Idi?" Jibu langu halibadiliki. Vitamu vingi vya pwani yetu havijawahi kuhitaji oveni. Mama mkubwa alitulea hapa Tanga na jiko la mkaa, sufuria mbili na sinia la bati, na siku ya Idi sinia lake lilipita nyumba saba likarudi tupu.

Leo nakupa vitu vinne: tende za kukunja, labania (kitamu cha unga wa maziwa), kashata za karanga na kashata za nazi. Jiko moja la gesi linatosha, au la mkaa. Kabla hujawasha moto, lishike jambo moja, maana ndilo linalowaangusha wengi. Vitu hivi tunavipika mchana tukiwa tumefunga. Huonji. Ulimi umepumzika, kwa hiyo vidole, macho na masikio ndivyo vinavyopika. Mama mkubwa hakuwahi kuonja shira, yaani sukari iliyochemshwa na maji, hata siku moja, aliishika tu kwa vidole viwili akajua.

Panga siku zako kwa kufuata mwezi

Ramadhani ina siku 29 au 30, na habari ya mwezi kuandama mara nyingine hutufikia usiku mkubwa. Ukisubiri tangazo ndipo uanze kukuna nazi, utakesha. Mimi hufanya hivi: siku ya 27 ya mfungo natengeneza tende, siku ya 28 labania na kashata za karanga, siku ya 29 kashata za nazi. Nazi huja mwisho kwa sababu ndiyo inayoharibika upesi. Mwezi ukiandama usiku ule, niko tayari. Usipoandama, kila kitu kinastahimili siku moja zaidi.

Kwa Krismasi ni rahisi zaidi kwa kuwa tarehe inajulikana. Majirani zangu Wakristo huagiza vitu hivihivi, na mimi huanza tarehe 22 Desemba.

Hatua ya 1: Vyombo na viungo

Tafuta sufuria yenye kitako kizito. Sufuria nyepesi huunguza sukari katikati huku pembeni haijayeyuka. Andaa mwiko wa mbao, sinia au trei yenye ukingo, kisu kikali na samli kidogo ya kupaka.

Kikombe ninachopimia ni cha mililita 250. Iliki nunua ya maganda, menya, utwange mwenyewe kwenye kinu. Iliki ya unga iliyokaa dukani imeshapoteza harufu, utatia vijiko vitatu usiisikie. Sisi wa Tanga tuna bahati, iliki ya Usambara inashuka mpaka sokoni kwetu.

Hatua ya 2: Tende za kukunja

Tuanze na kisichohitaji shira. Chukua tende laini nusu kilo, toa kokwa, na uipasue kila tende uangalie ndani, kwani wadudu hujificha humo. Weka vijiko viwili vya samli kwenye sufuria, moto mdogo, tia tende na uziponde kwa mwiko kwa dakika tano hadi saba mpaka ziwe donge moja laini. Epua. Changanya na korosho zilizokaangwa nusu kikombe, biskuti kavu kumi ulizovunjavunja kwa mkono, na iliki nusu kijiko cha chai.

Likiwa bado vuguvugu, paka mikono samli, likunje donge liwe gogo lenye unene wa vidole viwili, kisha ulizungushe juu ya ufuta uliokaangwa. Liache saa tatu lishike, ndipo ukate vipande. Nyumbani kwetu hivi ndivyo vinavyokwisha kwanza, na havina hata punje ya sukari ya kuongeza zaidi ya ile ya kwenye biskuti.

Hatua ya 3: Jifunze shira kabla ya kutia kitu ndani yake

Hapa naomba utulie.

Tia sukari kikombe kimoja na nusu na maji robo tatu ya kikombe kwenye sufuria. Koroga kwa moto mdogo mpaka sukari yote iyeyuke, usisikie tena mchanga chini ya mwiko. Kuanzia hapo weka mwiko pembeni. Chukua kitambaa safi kibichi, futa punje za sukari zilizoganda kwenye kuta za sufuria. Punje moja ikianguka ndani ya shira nzito huwaita wenzake, na shira nzima inarudi kuwa sukari ya chenga mbele ya macho yako. Hilo likikupata usimwage. Ongeza maji robo kikombe, yeyusha upya, anza tena.

Tia matone manne ya ndimu. Uchachu wake huvunja sehemu ya sukari kuwa glukosi na fruktosi, na hizo huzuia punje zisishikane mapema. Usizidishe. Ndimu ikiwa nyingi, kitamu chako hakitashika, kitabaki kinanata kama gundi.

Sasa sikiliza. Mwanzoni mapovu ni madogo, mengi, yana kelele. Maji yanavyopungua mapovu hukua, yanakuwa mazito, yanapasuka polepole, na sauti ya sufuria inashuka. Ukisikia imeshuka, chota tone kwa mwiko, liache lipoe sekunde kumi. Lichukue kati ya kidole gumba na cha shahada, bana, kisha achanisha taratibu. Shira changa huteleza kama mafuta. Ikiendelea hunata bila kuvuta kitu. Kisha huvuta uzi mfupi unaokatika. Unaoutaka wewe ni ule unaonyooka kwa upana wa kidole bila kukatika, mwembamba kama wa buibui. Huo ndio uzi mmoja. Mwenye kipimajoto ataona kati ya nyuzi 106 na 112 za Selsiasi, ila vidole vyako vitatosha.

Kama hujawahi, pika sufuria moja ya shira ya kujifunzia tu. Haipotei, utaitumia kwenye kaimati jioni.

Hatua ya 4: Labania

Shira yako ya kikombe kimoja na nusu cha sukari ikifika uzi mmoja, epua pale pale. Tia samli vijiko viwili vya chakula na iliki kijiko kimoja cha chai. Kisha mimina unga wa maziwa vikombe vitatu ambao umeshauchekecha. Usipochekecha, madonge yatabaki na mtu atayauma mbele ya wageni. Unga uwe wa maziwa yenye mafuta kamili. Ule uliotolewa mafuta hufanya labania kuwa ngumu na kavu.

Koroga kwa nguvu na haraka, una dakika mbili tu kabla haijashika. Mimina kwenye trei iliyopakwa samli, sawazisha kwa mgongo wa kijiko kilichopakwa samli pia, nyunyiza lozi zilizokatwa na uzikandamize kidogo. Kata ikiwa bado na joto, lakini usivitoe vipande mpaka saa mbili zipite.

Ikikataa kushika, shira haikufika uzi. Irudishe sufuriani, moto mdogo kabisa, koroga dakika tatu hadi tano, mimina tena. Ikivunjika kama chokaa, shira ilipita. Hiyo haina dawa, lakini ukiipondaponda juu ya tambi za sukari watoto wataifurahia.

Hatua ya 5: Kashata za karanga

Karanga kwanza zichambue kwa mikono kwenye ungo, penye mwanga. Iliyokunjamana, iliyobadilika rangi au yenye ukungu itupe, usimpe hata kuku. Ukungu ule hutoa sumukuvu, na sumu hiyo haiishi kwa kukaangwa. Nasema hivi kwa uchungu kwa sababu naona watu wanapeleka karanga mbovu kwenye kashata wakiamini sukari na moto vitaficha. Ladha inaweza kufichika, sumu inabaki.

Kaanga vikombe viwili, sugua, pepeta maganda. Ziweke karibu na jiko zikiwa na joto. Tia sukari kikombe kimoja na nusu kwenye sufuria kavu, bila maji, moto mdogo. Itayeyuka pembeni kwanza, isukume taratibu kuelekea katikati. Ikiwa yote ni maji ya rangi ya asali, tia iliki na karanga, koroga mara chache, mwaga kwenye trei na ubandike bapa kwa kusukuma na chupa iliyopakwa samli. Kata papo hapo. Ukichelewa dakika tatu utahitaji nyundo.

Watoto wasikaribie jiko wakati huu. Sukari hii imepita nyuzi 160, inashika kwenye ngozi na haitoki. Weka bakuli la maji baridi karibu nawe kabla ya kuanza. Na mtoto mdogo wa chini ya miaka mitano usimpe kashata yenye karanga nzima, inaweza kumkaba.

Hatua ya 6: Kashata za nazi

Nazi ndiyo kazi. Nunua mbili kubwa zilizokomaa, zitikise usikie maji. Ukiuziwa koroma, nyama yake bado laini na ina maji mengi, utakoroga mpaka mkono ufe ganzi. Mbata nayo imekauka mno na mafuta yake huwa yameanza kuchacha. Zikune kwenye mbuzi, nyeupe tu. Ukiona weusi wa karibu na kifuu, simama, hamia upande mwingine. Unataka vikombe vinne. Usitumie machicha. Nazi iliyokamuliwa tui haina utamu uliobaki wa kukupa.

Pika shira ya sukari vikombe viwili na maji kikombe kimoja mpaka uzi mmoja. Tia nazi, chumvi kiasi cha kushika kwa vidole viwili, na iliki kijiko kimoja. Shira italegea tena kwa maji ya nazi, usishtuke. Moto mdogo, na sasa koroga bila kuacha, dakika 10 hadi 15. Hapa kukoroga hakudhuru, kwani kunasaidia sukari kuganda sawasawa ndani ya nazi. Utaona mchanganyiko unaanza kuachana na kuta za sufuria. Vuta mwiko katikati, chini ya sufuria paonekane, na ile njia ikae wazi bila kujifunga. Hapo imeiva. Ukitaka rangi, gawa mara mbili, nusu ibaki nyeupe, nusu itie tone moja la rangi nyekundu.

Mwaga kwenye sinia, kandamiza unene wa sentimita moja na nusu, subiri dakika kumi, kata mistari ya wima kisha ya mshazari.

Mwaka mmoja nilikuwa na oda ya masinia matatu, nikaogopa kuchelewa. Nilizifungia kashata za nazi kwenye ndoo ya plastiki zikiwa bado na joto. Asubuhi kifuniko kilikuwa kinatiririka maji kwa ndani, na kashata zote za juu zilikuwa zimelowa. Nilizitupa, nikakuna nazi tena usiku kucha. Tangu siku hiyo naweka kiganja chini ya sinia. Nikihisi joto lolote, sifungi.

Hatua ya 7: Kutunza

Mwaka wa Kiislamu ni mfupi kwa siku kama 11 kuliko ule wa Januari hadi Desemba, ndiyo maana Idi inasogea. Mwaka 2025 Idi ya Fitri iliangukia mwisho wa Machi, na kwetu hiyo ni masika. Hewa ikiwa na unyevu, kashata za karanga huvuta maji na kunata, hata kama ulizipika vizuri. Zifungie kwenye kopo lisilopitisha hewa, na karatasi ya siagi kati ya kila tabaka. Labania inakaa vilevile, wiki nzima. Tende wiki mbili kwenye friji. Nazi sizizidishi siku nne nje.

Usichanganye kwenye kopo moja. Nazi ina unyevu, itazilainisha karanga.

Sinia lenyewe lipange mwezi ukishatangazwa: tende katikati, labania ikizunguka, kashata nyeupe na nyekundu zikipokezana ukingoni. Funika kwa kawa. Na kahawa chungu iwe imeshachemka kabla watu hawajarudi kutoka kuswali.