Somo: Bendi ya roki kurekodi albamu ya nyimbo za wengine katika nyumba ya mawe, Lamu

Kwanza, bainisheni mtunzi wa kila wimbo, wala msitosheke na jina la mwimbaji aliyeuvumisha. «Malaika» ulirekodiwa na Fadhili William, ukaimbwa na Miriam Makeba, kisha na Boney M., na mabishano kuhusu mtunzi wake hayajaisha. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 humlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo chake; kwa hiyo ukale wa wimbo hauufanyi kuwa mali ya kila mtu. Idhini iwe ya maandishi, tena kabla hamjalipia chochote.

Pili, shusheni au pandisheni kila wimbo hadi umkae mwimbaji wenu. Wimbo msioweza kuubadilisha kwa lolote uacheni, kwa maana msikilizaji tayari anao wa asili.

Tatu, tengenezeni chumba, na hapa ndipo penye kazi. Kuta nene za matumbawe huzuia kelele za nje, lakini lipu ya chokaa hurudisha sauti, na ngoma husikika kama zimepigwa kisimani. Mkeka ukutani hupunguza ukali wa matoazi tu. Mvumo wa besi huhitaji magodoro yaliyosimamishwa kwenye kona za chumba. Ngoma zirekodiwe kati ya adhuhuri na alasiri, kwa kuelewana na majirani ambao ukuta wao ndio wenu. Uimbaji usubiri baada ya isha, punda na injini za mashua zikishatulia.

Nne, anzeni na ngoma na gitaa la besi, kisha magitaa, mwisho sauti. Acheni nafasi ya desibeli 6 hivi (kipimo cha nguvu ya sauti) chini ya ukomo ambao rekodi ikiupita sauti hupasuka.

Maswali ya wanachama

Mwanachama, Malindi: Mwalimu, tukiutafsiri wimbo wa Kiingereza, idhini ya kuurekodi inatosha?

Jibu: Haitoshi, ndugu yangu. Tafsiri ni kuigeuza kazi ya mtu, na ruhusa ya kutafsiri itajwe waziwazi katika barua ya idhini.

Mwanachama, Shela: Umeme ukikatika katikati ya kazi?

Jibu: Kompyuta ya mkononi itaendelea kwa betri, na vinasa vidogo vingi, yaani vifaa vya kuingiza sauti kwenye kompyuta, hupata umeme kutoka kwenye kompyuta hiyo. Rekodini gitaa moja kwa moja kwa waya bila spika. Umeme ukirudi, ipitisheni rekodi hiyo kwenye spika na kuinasa upya.