Ukoo wa walowezi wa New England: meli iache mwisho

Wateja wangu wengi wanaotafuta mababu zao waliotoka Uingereza wakahamia New England, yaani kaskazini-mashariki mwa Marekani, huanza na meli. Bibi aliwaambia babu yao alikuja na Mayflower, meli ya walowezi wa Kiingereza, mwaka 1620, basi wanakimbilia orodha ya abiria, na wakiliona jina lao wanashangilia. Taratibu. Ile meli ilibeba abiria 102, na karibu nusu yao walikufa majira ya baridi ya kwanza.

Hatua ya 1. Anza na wewe, rudi kizazi kimoja kimoja. Kila mtoto aungwe na mzazi wake kwa karatasi: cheti, wosia, hati ya shamba. Kwa jimbo la Massachusetts, kumbukumbu za vizazi, ndoa na vifo za miji mingi zimechapwa hadi 1850. FamilySearch, tovuti ya kumbukumbu za koo, ni bure, jisajili tu.

Hatua ya 2. Ukiingia karne ya 17, shughulika na tarehe kwanza. Hadi 1752 mwaka wa Waingereza ulianza Machi 25, na Machi ndiyo ilihesabiwa mwezi wa kwanza. Kwa hiyo "siku ya 3, mwezi wa 12, 1652" ni Februari 3, na kwa hesabu yetu ni 1653. Niliwahi kumfuta mke wa watu kwenye chati kwa kuwa aliolewa Mei 1652 na kuzikwa Februari 1652. Nikadhani ni wanawake wawili, kumbe ni yeye yule! Andika 1652/3 na usiiguse tena.

Hatua ya 3. Tafuta wosia. Mtu akigawa ng'ombe na mashamba huwataja wanawe na waume wa binti zake. Ila maneno ya undugu yalikuwa mapana: "mama mkwe" huenda ni mama wa kambo, "binamu" akawa mpwa, na "Junior" huenda ni kijana tu wa mji uleule mwenye jina moja na mzee asiyemzaa. Sisi tuliolelewa na mama wadogo na baba wakubwa hilo halitupi tabu.

Hatua ya 4. Sasa vuka bahari. Rejista za parokia za Uingereza zilianza 1538, na majina yanajirudia mno. Angalia majirani wa mlowezi wako, maana wengi walihama kwa makundi, pengine wakimfuata mchungaji wao. Ukimpata aliyebatizwa kwa jina lake, fungua na kurasa za mazishi: kama mtoto huyo alizikwa akiwa na miaka mitatu, siye wako.