Namna ya Kulifasiri Neno "Forbearance" Bila Kumpotosha Msomaji: Mwongozo wa Hatua kwa Hatua

Mwongozo huu nimeuandika kwa wafasiri wanaoanza kazi, kwa makarani wa mawakili, na kwa walimu wa Kiingereza wa shule za sekondari ambao majirani huwaletea karatasi wawasomee. Hapa Tanga karatasi hizo ni za kila namna: mkataba wa mkopo wa mashine ya boti, barua ya kijana anayesoma Marekani kwa fedha za mkopo, hotuba ya kusomwa kanisani, hukumu iliyoandikwa kwa Kiingereza. Neno "forbearance" halionekani mara nyingi, lakini laweza kutokea katika karatasi zote hizo, na katika kila moja linafanya kazi tofauti. Ukifungua kamusi, aghalabu utapelekwa kwenye "uvumilivu" au "subira", na ukiandika mojawapo ya maneno hayo katika hotuba hutakuwa umekosea sana. Ukiliandika katika mkataba wa mkopo, yule anayetia sahihi ataondoka akidhani kwamba benki imeahidi kumvumilia, jambo ambalo aghalabu haliko katika waraka huo.

Hatua ya kwanza: mtafute mwenye haki

Kabla ya kutafuta neno la Kiswahili, isome sentensi yote na ujiulize ni nani ndani yake mwenye haki, au uwezo, wa kutenda jambo ambalo hakulitenda. Huo ndio moyo wa neno hili. Limetokana na kitenzi cha Kiingereza cha kale, "forberan", kilichokuwa na maana ya kustahimili na pia ya kujizuia, na maana hizo mbili hazijaachana mpaka leo. Abiria aliyeketi kituo cha mabasi cha Kange akingoja basi lililochelewa ana subira, lakini Mwingereza hawezi kusema kwamba abiria huyo ana "forbearance", kwa kuwa hana analolizuia, na hata akikasirika basi halitakuja upesi zaidi. Mwenye nyumba wa Makorora ambaye mpangaji wake hajalipa kodi kwa miezi mitatu, ambaye angeweza kumpa ilani ya kuhama na bado akanyamaza, huyo ndiye anayestahili neno hilo. Mvumilivu anaweza kuwa mnyonge asiye na la kufanya, ilhali mwenye "forbearance" daima ameshika kitu mkononi, naye ameamua kutokitumia.

Ukishampata mwenye haki, jiulize swali la pili: baada ya kujizuia, bado anayo haki hiyo? Ikiwa bado anayo, uko kwenye neno lenyewe. Ikiwa ameiachia moja kwa moja, basi mwandishi amelitumia neno vibaya au wewe umelichanganya na jingine, kwa sababu kusamehe deni na kuiachilia haki vina maneno yao katika Kiingereza. Waingereza wana methali ya zamani isemayo kwamba kumngojea mdaiwa si kumfutia deni, na kwetu jambo hilo halihitaji maelezo marefu, maana kila mtu anajua kwamba dawa ya deni ni kulipa.

Hatua ya pili: utambue uwanja wa maandishi

Katika maandishi ya dini na ya adabu, kazi ni nyepesi, kwa kuwa watangulizi wetu walikwisha kuifanya vizuri. Tazama Waraka kwa Warumi, sura ya 2, aya ya 4. Biblia ya Kiingereza ya mwaka 1611 imepanga sifa tatu za Mungu kwa mfululizo, na tafsiri ya Kiswahili ya Union Version imezipa maneno matatu: wema, ustahimili na uvumilivu. "Ustahimili" ndio umesimama mahali pa "forbearance", na "uvumilivu" umewekewa neno jingine linalofuata. Wafasiri wale hawakuyachukua maneno hayo kuwa kitu kimoja, nasi hatuna sababu ya kuyachanganya. Neno la Kigiriki lililo chini ya aya hiyo, "anoche", lilitumika pia kwa kusimamisha vita kwa muda, yaani majeshi yako palepale na silaha zao, ila hayapigani. Kwa hiyo katika hotuba, shairi au wasifu wa marehemu, andika "ustahimilivu" au "saburi", kisha uendelee na kazi.

Katika hukumu na vitabu vya sheria ya mikataba, maneno hayo hayafai kabisa. Hapo "forbearance" ni kujizuia kutenda jambo ambalo sheria inakuruhusu kulitenda, na kujizuia huko kunaweza kuwa malipo halali ya ahadi ya mtu mwingine. Mahakama ya Uingereza, katika shauri la Currie dhidi ya Misa la mwaka 1875, ililitaja neno hili miongoni mwa mambo yanayoufanya mkataba uwe na malipo pande zote mbili. Shauri linaloonyesha maana hiyo kwa uwazi zaidi ni la New York, Hamer dhidi ya Sidway, lililoamuliwa mwaka 1891. Mwaka 1869 mjomba au ami mmoja (Kiingereza hakitofautishi, nasi katika tafsiri hulazimika kutafuta ukoo wake) alimwahidi kijana wa ndugu yake dola 5,000 endapo angeacha pombe, tumbaku, matusi, na karata na biliadi za kuchezea fedha mpaka atimize miaka 21. Kijana alitimiza sharti, mzee akakiri kwa barua kwamba fedha ni haki yake, kisha mzee akafariki kabla ya kulipa. Msimamizi wa mirathi akapinga, akidai kwamba kijana hakutoa chochote, bali alijinufaisha mwenyewe kwa kuacha mambo mabaya. Mahakama ilisema kwamba inatosha kuwa kijana alikuwa na uhuru halali wa kufanya mambo hayo akajinyima kwa kuitegemea ahadi, na dai likakubaliwa.

Sasa jaribu kuifasiri hukumu hiyo kwa kutumia "uvumilivu wa kijana". Utaona sentensi imepotea njia, kwa sababu hakuna aliyemuudhi kijana hata avumilie. Hapa kinachofaa ni kitenzi: alijizuia kutumia haki yake, au alijinyima. Kwa maoni yangu, katika sheria ni bora kutoitafutia nomino hata kidogo. Kiswahili hupenda mtu na tendo, na nomino dhahania za Kiingereza zikiachwa zilivyo huifanya sentensi iwe na wamiliki wengi na watendaji hakuna.

Hatua ya tatu: katika mikopo, tenganisha muda, riba na deni

Hapa ndipo neno linapowaumiza watu, kwa hiyo tukae kidogo. Katika lugha ya benki, "forbearance" ni makubaliano ya mkopeshaji kumruhusu mkopaji aliyepatwa na shida apunguze au asitishe marejesho kwa muda maalumu, huku mkopeshaji akijizuia kukamata dhamana. Deni halipungui. Mfano unaojulikana ni wa Marekani: sheria iliyotiwa sahihi Machi 27, 2020, wakati wa janga la korona, iliwapa wenye mikopo ya nyumba inayodhaminiwa na serikali kuu nafasi ya kuomba muhula wa hadi siku 180, na kuuongeza kwa siku nyingine hadi 180. Mkopeshaji alikatazwa kutoza faini na ada za ziada katika muda huo, lakini riba ya kawaida iliendelea, na marejesho yaliyorukwa yalibaki kuwa deni.

Kwa mikopo ya wanafunzi nchini humo kuna mtego zaidi, kwa kuwa yapo maneno mawili yanayoonekana kama ndugu. Katika "deferment", riba ya baadhi ya mikopo hubebwa na serikali. Katika "forbearance", riba huendelea kuhesabiwa juu ya mwanafunzi. Ukiyafasiri yote mawili kwa "kuahirisha", umemnyima mzazi aliyeko Chumbageni taarifa moja tu aliyokuwa akiihitaji.

Neno ninalolitumia mimi ni "muhula". Wanafunzi hulijua kwa muhula wa masomo, lakini linafaa vilevile kwa muda anaopewa mdaiwa, na limebeba ndani yake wazo la kikomo ambalo "uvumilivu" hauna. Wazee wa mwambao hawatashangaa, kwa kuwa aya ya 280 ya Suratul Baqara humtaka mdai amngojee mdaiwa mwenye dhiki mpaka apate wasaa, na katika aya hiyohiyo kusamehe kunatajwa peke yake kuwa ni kheri zaidi. Kungojea na kusamehe vimewekwa mbalimbali, na ndivyo inavyotupasa kufanya. Mfano wa sentensi ya benki ungekuwa hivi: "The borrower was granted six months' forbearance, during which interest continued to accrue." Nami ningeandika: "Mkopaji alipewa muhula wa miezi 6 wa kutolipa marejesho, ila riba iliendelea kuhesabiwa katika miezi hiyo yote."

Angalia kwamba nimeongeza maneno "wa kutolipa marejesho". Bila hayo, msomaji aliyezoea vikoba anaweza kudhani ni muhula wa mkopo wenyewe. Kuongeza maneno matatu ili maana isimame si kuusaliti mswada.

Hatua ya nne: kifungu cha mwisho wa mkataba, na mdhamini

Karibu kila mkataba mrefu wa mkopo una kifungu kinachofanana na hiki: "No forbearance by the Lender shall be deemed a waiver of its rights." Tafsiri ya haraka husomeka hivi: "Hakuna uvumilivu wa Mkopeshaji utakaohesabiwa kuwa msamaha wa haki zake." Kila neno lina asili yake, na bado mvuvi wa Deep Sea akiisoma mara tatu hataambulia kitu, kwa kuwa sentensi imeanza kwa kukanusha nomino, nao ni muundo wa Kiingereza uliovaa kanzu. Anza na mtu na tendo lake: "Mkopeshaji akijizuia kudai kwa wakati wowote, kujizuia huko hakutahesabiwa kuwa ameiachilia haki yake ya kudai." Sasa mvuvi anaelewa kwamba hata kama hakuna aliyempigia simu tangu kusi ianze kuvuma, mashine ya boti bado inaweza kuja kuchukuliwa.

Kwa mdhamini jambo linazidi kuwa zito. Sheria yetu ya Mikataba, Sura ya 345, ilijengwa juu ya Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872, na kifungu cha 137 cha sheria hiyo ya India kinasema kwamba mdai akijizuia tu kumshtaki mdaiwa, kujizuia huko hakumwondolei mdhamini wajibu wake, isipokuwa mkataba useme vingine. Kifungu cha 135 kinasema jambo la upande wa pili: mdai akifunga makubaliano na mdaiwa ya kumpa muda au ya kutomshtaki, bila ridhaa ya mdhamini, mdhamini huwa huru. Tofauti kati ya vifungu hivyo ni kunyamaza na kuahidi. Mfasiri akiandika "uvumilivu" katika vyote viwili ameifuta tofauti ambayo mtu anaweza kupoteza shamba lake la mkonge kwa ajili yake. Katika kifungu cha kwanza andika "kujizuia tu" au "kunyamaza tu", na hilo "tu" usilisahau, kwa maana katika Kiingereza limebebwa na neno "mere" ambalo wengi huliruka. Katika cha pili andika "kuahidi kumpa muda".

Hatua ya tano: sarufi, kwa haraka

Nomino hii kwa kawaida haihesabiki, kwa hiyo mwanafunzi asiandike kwa wingi. Huandamana na vitenzi "show" na "exercise". Hufuatwa na "towards" ikiwa anatajwa mtu aliyestahimiliwa, na "from" ikiwa linatajwa tendo lililozuiwa. Kitenzi chake ni "forbear", wakati uliopita "forbore", na "forborne" ndiyo utakayoiona katika taarifa za benki za Ulaya kwa mikopo iliyopewa nafuu ya namna hii. "Forebear", yenye herufi moja zaidi, ni babu wa kale, wala haina uhusiano na mkopo wowote.

Ukikutana na neno hili likihusu wasimamizi wa mabenki, rudi kwenye swali la hatua ya kwanza. Mwenye uwezo hapo ni msimamizi anayeiona benki imepungukiwa mtaji na bado haifungi. Marekani ilifanya hivyo katika miaka ya 1980 kwa vyama vya akiba na mikopo ya nyumba, vingi vikaachwa vikiendelea kufanya kazi ilhali vimefilisika, na hasara ikawa kubwa zaidi ilipofika zamu ya walipa kodi. Katika maandishi ya uchumi neno hilo mara nyingi huwa ni lawama, kwa hiyo "ustahimilivu" ungemsifu mtu anayelaumiwa. Andika "kulegeza masharti ya usimamizi".

Hatua ya sita: ijaribu tafsiri kwa mwenye kutia sahihi

Msomee mteja tafsiri yako bila kumwonyesha Kiingereza, kisha umuulize maswali mawili: katika muda huu deni lako linapungua, linabaki au linaongezeka, na muda ukiisha, mkopeshaji anaweza kufanya nini? Usimsaidie kujibu. Akijibu kwamba benki imemsamehe miezi 6, rudi mezani uitazame nomino uliyoiacha katikati ya sentensi, uigeuze kuwa kitenzi, uweke mtendaji mbele yake, kisha umsomee tena kabla hajashika kalamu.