Jinsi ya kumpima Jyoti Basu bila kumsafisha wala kumchafua

Wanafunzi wangu wakiambiwa wampime kiongozi wa kikomunisti aliyekaa sana madarakani, hukimbilia Castro wa Cuba. Mimi huwapa Jyoti Basu, Waziri Kiongozi wa jimbo la Bengal Magharibi, India, kuanzia 1977 hadi 2000. Huyu alishinda kwa kura muhula baada ya muhula, kwa hiyo huwezi kuandika "dikteta" ukafunga daftari.

Anzia shambani. Wakulima wengi walilima ardhi ya matajiri na kugawana nao mavuno, bila karatasi yoyote mkononi. Sheria tayari ilimpa mlimaji robo tatu ya mavuno akigharamia mbegu na jembe mwenyewe. Lakini nani angethubutu kumshtaki mwenye shamba? Kuanzia 1978, katika Operation Barga, kampeni ya serikali ya Basu ya kuwaandikisha walimaji hao, maofisa wa ardhi walikwenda vijijini, wakaitisha mikutano jioni na kuandika majina hadharani. Waliandikishwa kama milioni 1.4. Basi usiandike kwamba Basu alitunga haki hiyo. Aliitekeleza, na hilo ndilo gumu.

Ukifika Kolkata, mji mkuu wa jimbo, katika miaka yake utakuta mgao wa umeme, migomo na viwanda vilivyohama. Tenganisha tarehe: wafanyakazi walikuwa wakiwazingira mameneja maofisini tangu mwishoni mwa miaka ya 1960 (Basu akiwa naibu wa Waziri Kiongozi, usisahau), na sera ya serikali kuu ya Delhi ya kusawazisha gharama za kusafirisha chuma ilikuwa imeshainyima Bengal faida ya kuwa karibu na migodi.

Kisha Marichjhapi, 1979. Wakimbizi kutoka Bengal Mashariki (Bangladesh ya leo), wengi wa matabaka ya chini, walikuwa wamehamia kisiwa hicho cha Sundarbans, eneo la mikoko pwani ya Bengal. Serikali ya Basu ilikizingira, chakula kikazuiwa, polisi wakafyatua risasi, na mwezi Mei wakaondolewa kwa nguvu. Idadi ya waliokufa inabishaniwa hadi leo; usichague inayokupendeza. Nikikuta "hata hivyo aliwasaidia wakulima" baada ya aya hiyo, naikata kwa wino mwekundu. Mkulima aliyeandikishwa siye aliyepigwa risasi.

Uwaziri mkuu wa India ambao chama chake cha kikomunisti, CPI(M), kilimkatalia mwaka 1996 unatosha mstari mmoja.

Mwisho, weka mpaka. Ghasia za ardhi za Singur na Nandigram, zilizochangia chama kuanguka madarakani jimboni 2011, zilitokea chini ya mrithi wake, Buddhadeb Bhattacharjee. Usimtwishe Basu. Ila chama kilichokwisha kuzoea kuamua kila jambo kijijini, hicho kiandike kwenye hesabu ya Basu.