Semina ya faragha Tanga: barua moja iliyonizungusha wiki tatu

Kikundi chetu kilitaka kitu kidogo: tumlete mtu kutoka shirika moja la kutetea faragha aongee na vijana wa Ngamiani kuhusu usajili wa laini kwa alama za vidole, na zile programu za mikopo zinazowatumia ndugu zako meseji kwamba umekopa pesa ukaingia mitini. Viti themanini, maji ya chupa, basi. Nilidhani kazi itakuwa kumpata mzungumzaji.

Mzungumzaji ni rahisi ukimwahi. Watu hawa ratiba zao za makongamano hujaa mapema, na kosa letu lilikuwa kuomba 28 Januari. Hiyo ndiyo siku ya ulinzi wa taarifa binafsi, kumbukumbu ya mkataba wa Baraza la Ulaya uliofunguliwa kutiwa saini tarehe hiyo mwaka 1981, kwa hiyo wiki nzima kila mtu ameshachukuliwa. Tukasogezwa Februari. Kwenye barua ya mwaliko weka mada, tarehe mbili za kuchagua, na nani analipa nauli ya kutoka Dar na malazi. La nauli liweke juu kabisa, utaokoa barua pepe tatu.

Sasa karatasi za huku kwetu.

Niliandika kwa herufi kubwa: YAH: MAOMBI YA KIBALI CHA KUFANYA SEMINA. Nikapanda nayo ghorofani kwenye ofisi fulani. Shikamoo mama. "Marahaba mwanangu, acha hapo, bosi akirudi ataiona." Nikaacha, na ilikuwa nakala yangu pekee. Wiki ya kwanza bosi yuko safarini. Wiki ya pili barua imeingia kwenye faili. Wiki ya tatu faili limepanda juu, na aliyelipandisha yuko likizo. Wenyewe tunasema Tanga waja leo waondoka leo. Barua yangu ilikuja ikahamia kabisa.

Aliyenifumbua macho ni mzee niliyekaa naye kwenye benchi, mstaafu anayefuatilia kiinua mgongo chake. Alisoma kichwa cha barua kwenye simu yangu akacheka mpaka akakohoa. "Binti, ukiomba utasubiri jibu. Ukitoa taarifa unasubiri muhuri tu."

Nikaenda kusoma. Sheria ya Jeshi la Polisi na Polisi Wasaidizi, Sura ya 322, kifungu cha 43, inamtaka anayeitisha mkusanyiko mahali pa umma awape polisi wa eneo taarifa ya maandishi si chini ya saa 48 kabla. Taarifa. Polisi wanaweza kuzuia wakiona amani itavurugika, lakini wewe unachotakiwa kupeleka si maombi. Yetu ilikuwa ya ukumbini, na unaweza kubishana na mwenye ukumbi kama hapo ni mahali pa umma au la. Wetu hakutaka mjadala, alitaka kuona muhuri.

Kwa hiyo kichwa kiwe TAARIFA YA KUFANYIKA KWA SEMINA. Ndani taja mahali, muda wa kuanza na kumaliza, na dhumuni kwa mistari miwili, usihubiri. Pitia kwanza serikali ya mtaa, mwenyekiti agonge. Kisha polisi, ukiwa na nakala mbili: moja inabaki, ya pili inagongwa IMEPOKELEWA na tarehe mbele ya macho yako, na inarudi mkobani. Usiondoke kaunta bila hiyo hata ukiambiwa upite kesho. Raundi hii nilimaliza kabla ya adhuhuri.

Kichekesho ni kwamba kwa semina ya dakika tisini kuhusu faragha, niliacha nakala za kitambulisho cha NIDA kwenye meza sita. Siku hizi kila nakala naichora mistari miwili ya mshazari na kuandika katikati: "Kwa ajili ya semina ya tarehe fulani tu." Karani mmoja alilalamika nimeiharibu. Akaipokea.

Na steshenari, jamani. Walinipa namba ya WhatsApp niwatumie barua wachape. Nilipoinama kwenye kompyuta kumwonyesha kijana faili langu, nikakuta folda imeandikwa WATEJA: vyeti vya kuzaliwa, mkataba wa kupanga wa mtu wa Makorora, majibu ya maabara yenye jina kamili. Nenda na flashi, simama hapo mpaka faili lifutwe. Daftari la wageni getini nalo usilijaze namba yako binafsi. Mimi nilijaza, saa mbili usiku meseji ikaingia: "Mambo, ni yule wa getini." Andika namba ya kikundi.

Mwisho ni fomu ya mahudhurio. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, Na. 11 ya 2022, inatumika tangu 1 Mei 2023, na inataka ukusanye kile tu unachokihitaji na umwambie mtu unakichukua kwa sababu gani. Sisi tulinakili fomu ya semina nyingine bila kufikiri: jina, simu, umri, kata, namba ya NIDA, saini. Mzungumzaji aliikuta mezani mlangoni, akaigeuza upande wake.

"Namba ya NIDA ni ya nini?"

Tukatazamana. Katibu wetu akachukua rula na peni, akaikata ile safu karatasi moja baada ya nyingine, foleni ikiwa imefika barazani. Kijana wa kwanza akasaini, akarudisha peni, akauliza kama kuna nauli.