Jinsi ya Kujenga Kazi ya Pointi Gadi Ukianzia Kisumu, Nakuru au Kakamega

Kocha anapotafuta mchezaji wa kuubeba mpira, kitu anachokipima zaidi ya vyote ni iwapo anaweza kumkabidhi kijana huyu mpira katika dakika ya mwisho, timu ikiwa nyuma kwa pointi moja, naye akaketi bila wasiwasi. Mwongozo huu ni wa msichana au mvulana wa Kisumu, Nakuru, Kakamega au Busia anayetaka kuaminiwa namna hiyo, na anayetaka mpira wa kikapu uwe kazi ya kumlisha. Kasi na mbwembwe zina nafasi yake, lakini pointi gadi, yaani huyo mchezaji anayeubeba mpira na kuongoza mashambulizi, huajiriwa kwa sababu ya maamuzi yake, na maamuzi mazuri hujengwa kwa mazoezi, kwa masomo na kwa uangalifu wa kila karatasi unayotia saini.

Usianze kwa kujipima kimo. Muggsy Bogues, mwenye urefu wa mita 1.60, alicheza NBA, ligi kuu ya kulipwa ya Marekani, kwa misimu 14. John Stockton, mwenye mita 1.85, alitoa asisti, yaani pasi zinazozaa kikapu, 15,806 katika misimu 19 na klabu moja ya Utah Jazz, idadi ambayo hakuna aliyeifikia, na katika muda huo wote alikosa mechi 22 tu. Mimi husisitiza hizo mechi 22 kuliko hizo asisti, kwa maana mchezaji anayepatikana kila wiki ndiye anayejengewa timu.

Zifahamu sekunde zako

Ligi ya Kenya huchezwa kwa kanuni za FIBA, shirikisho la dunia la mpira wa kikapu. Timu ina sekunde 24 za kurusha mpira kikapuni, na kati ya hizo ina sekunde 8 pekee za kuuvusha mpira mstari wa katikati. Mpira ukigonga chuma na timu yako ikaudaka tena, saa hurudishwa kwenye sekunde 14, si 24. Timu ikifikisha faulo ya tano katika robo moja, mpinzani anayechezewa vibaya hupewa mitupo huru miwili hata kama hakuwa akirusha, na mchezaji mwenye faulo tano hutoka nje. Pointi gadi ambaye hajui faulo za timu yake ziko ngapi kwa wakati huo hajafanya kazi yake, hata kama amefunga pointi ishirini.

Tulitazame shambulizi moja kwa karibu. Mwenzako amedaka ribaundi, yaani mpira uliokosa kuingia, chini ya kikapu chenu. Usimkimbilie, jitokeze pembeni na uuelekeze mgongo wako kwenye mstari wa pembeni, ili macho yako yauone uwanja wote kabla mpira haujakufikia. Vuka katikati saa ikisoma 19 au 20, utaje mpango kwa sauti na uuonyeshe kwa mkono, kwa kuwa walio mbali hawakusikii. Saa inapokaribia 15, mchezaji wenu mrefu anapanda kukuwekea skrini, yaani kusimama njiani mwa mlinzi wako. Mngoje mpaka miguu yake isimame kabisa, kwa sababu ukiondoka mapema atalazimika kusogea na mwamuzi atampigia faulo yeye. Pita ukimgusa nyonga kwa bega lako, mlinzi wako asipate upenyo kati yenu, kisha umsahau mlinzi wako na umtazame mlinzi wa yule mrefu, maana yeye ndiye anayekuamulia la kufanya. Akirudi nyuma kulinda kikapu, simama urushe. Akipanda kukuzuia, mwenzako anakata kwenda kikapuni na pasi ya kudunda inamfikia mikononi. Wakikubana wote wawili, mtu mmoja amebaki huru upande wa pili, na mara nyingi ni yule aliye kwenye kona, kwa kuwa mlinzi wake ameingia ndani kusaidia. Saa ikifika 7 bila nafasi nzuri, uite mpira urudi mikononi mwako. Timu haitakiwi kubaki ikijiuliza nani atarusha.

Shambulizi hilo lirudiwe mazoezini mpaka macho yaone bila kutafuta. Kwanza lifanyeni wawili dhidi ya wawili, na kocha au rafiki awaambie walinzi kwa siri wafanye lipi kati ya hayo matatu. Ukiwa unajua mapema mlinzi atafanya nini, unachofanya ni kukariri tu, wala hujajifunza kusoma.

Mazoezi ya peke yako

Kisumu ina joto la ziwa, kwa hiyo anza alfajiri kabla simiti haijachemka. Dunda mpira kwa mkono wako dhaifu muda mrefu kuliko ule wenye nguvu, ukiwa umekunja magoti, na mwenzako asimame mbele yako akiinua vidole ambavyo utavitaja idadi yake bila kuutazama mpira. Jizoeshe pasi ya kifua, pasi ya kudunda na pasi ya mkono mmoja inayotoka moja kwa moja kwenye mdundo, kwa kuwa hiyo ya mwisho ndiyo inayomnyima mlinzi nafasi ya kujipanga. Mitupo huru irushwe ukiwa umechoka, kumi baada ya kila mkimbio, kwa sababu kwenye mechi hutairusha ukiwa umepumzika. Mvua za Machi hadi Mei zinapofanya viwanja vya nje viteleze, usijitie ushujaa: kudunda mipira miwili kwa pamoja hakuhitaji kikapu, varanda ya darasa inatosha.

Mpira wa raba ndio unaovumilia simiti. Wa ngozi uhifadhi kwa ukumbi wa ndani. Wanaume hutumia ukubwa wa 7 na wanawake ukubwa wa 6, na msichana anayefanya mazoezi na mpira wa kaka yake huharibu mtupo wake bila kujua. Viatu vizuri hupatikana kwenye mitumba ya Kibuye, lakini vikague: kikunje kiatu uone kama soli inaachana na ngozi, pitisha kidole gumba kwenye meno ya soli uone kama bado yanakamata, na ubonyeze kisigino. Kiatu chenye kisigino kilicholegea kinauza kifundo chako cha mguu. Kwa hicho kifundo chenyewe, simama kwa mguu mmoja huku ukidaka na kutoa pasi kila siku kabla ya mazoezi. Ni dakika chache zinazookoa misimu.

Timu ya Kisumu, iliyozoea mwinuko wa takriban mita 1,130, ikipanda kucheza Nakuru penye takriban mita 1,850, hushikwa na pumzi mapema. Wewe ndiye wa kuliona hilo kwanza na kupunguza mbio katika robo ya kwanza.

Baada ya kila mechi andika kwenye daftari asisti zako na mipira uliyopoteza. Asisti mbili kwa kila mpira uliopotea ni mwanzo mzuri. Chris Paul ameishi juu ya tatu kwa maisha yake yote ya NBA. Andika pia jinsi kila mpira ulivyopotea, maana kuteleza na kurusha pasi ukiwa hewani bila kujua unampa nani ni makosa mawili tofauti yanayohitaji dawa mbili tofauti.

Sauti yako

Kwetu mtoto hufunzwa kutomwamrisha aliyemzidi umri, na ni malezi mema. Hata hivyo uwanjani mwanafunzi wa kidato cha pili anayebeba mpira ana wajibu wa kumwelekeza wa kidato cha nne, na wakubwa wenye busara hulipokea hilo. Mwite kwa jina, tumia maneno machache, na usimkaripie mbele ya watu aliyeangusha pasi yako; mpe nyingine katika shambulizi linalofuata. Wachezaji warefu hukimbia kwa bidii wakijua kwamba mpira utawafikia, na hakuna kocha awezaye kukununulia bidii hiyo.

Njia ya shule na ya klabu

Mpira wa kikapu huchezwa katika michezo ya shule za sekondari ya muhula wa kwanza, kuanzia eneo hadi kaunti, kisha kanda, taifa na hatimaye Afrika Mashariki. Huko ndiko makocha wa vyuo na klabu huangalia vipaji, kwa hiyo mwili wako unapaswa kuwa tayari Januari, na likizo ya Desemba ni msimu wa kazi. Katika sekondari ya juu ya mtaala mpya upo mkondo wa Sanaa na Sayansi ya Michezo. Ukiuchagua, usiyatelekeze masomo mengine, kwa sababu itakayofunguliwa baadaye ni milango ya alama pia.

Timu nyingi kubwa za Kenya ni za taasisi. Ulinzi Warriors ni ya jeshi, KPA ni ya mamlaka ya bandari kule Mombasa, Equity ni ya benki na Strathmore Blades ni ya chuo kikuu. Maana yake kwa kijana wa magharibi ni kwamba nafasi ya kucheza mara nyingi huja pamoja na ajira au ufadhili wa masomo, na anayekuajiri atauliza vyeti vyako. Vyuo vikuu vilivyo karibu, kama Maseno, Masinde Muliro kule Kakamega na Egerton kule Njoro, vinakupa miaka minne ya kukomaa bila kuhama mbali na nyumbani. Nairobi City Thunder ilikuwa klabu ya kwanza ya Kenya kucheza ligi ya Afrika ya BAL, mwaka 2025, na mlango huo sasa uko wazi kwa anayeweza kuongoza timu dhidi ya mabingwa wa nchi nyingine.

Timu ya taifa inaonyesha uzito wa nafasi hii. Februari 2021 kule Yaoundé, Tylor Ongwae alirusha mtupo wa mwisho uliowapa Morans, timu ya taifa ya wanaume, ushindi wa 74-73 dhidi ya Angola na kuisaidia Kenya kurudi AfroBasket, mashindano ya mataifa ya Afrika, baada ya miaka 28. Kwenye mashindano hayo kule Kigali mwaka huo huo, timu hiyo ikifunzwa na Liz Mills, Sudan Kusini iliwatoa kwa 60-58. Pointi mbili ni mpira mmoja uliopotea, na ndiyo maana nasisitiza daftari.

Majirani hao hao wanatoa mfano mwingine. Carlik Jones, mzaliwa wa Marekani mwenye urefu wa takriban mita 1.85, alianzia chuo kisicho maarufu cha Radford, hakuchaguliwa na timu yoyote ya NBA alipomaliza masomo mwaka 2021, akawa mchezaji bora wa G League, ligi ya chini ya NBA, msimu wa 2022-23, na Julai 2024 jijini London aliiongoza Sudan Kusini kupoteza kwa pointi moja tu, 101-100, dhidi ya Marekani, akiwa na pointi 15, ribaundi 11 na asisti 11. Pointi gadi hukomaa akichelewa kuliko wachezaji wa nafasi nyingine, kwa kuwa kusoma mchezo huchukua miaka, na aliyekosa kuonekana akiwa na miaka 18 hajapitwa na wakati.

Kwenda nje

Ukilenga vyuo vya Marekani, daraja la kwanza la NCAA, shirika linalosimamia michezo ya vyuo huko, hudai masomo 16 ya msingi ya sekondari yenye wastani usiopungua 2.3 kwa hesabu yao. Mtihani wa SAT wa kuingilia vyuo si sharti la NCAA tangu 2023, ingawa chuo chenyewe kinaweza kuuhitaji. Vyuo vya miaka miwili, vilivyo chini ya shirika lao la michezo, NJCAA, huwafaa wengi wanaohitaji muda. Tayarisha video ya dakika tatu hadi tano, namba ya jezi yako ikionekana, ikionyesha pasi na ulinzi na si mitupo peke yake, na uambatanishe mechi nzima moja bila kukata, kwa sababu kocha makini anataka kuona unavyofanya baada ya kukosea. Chuo kilichokukubali hutoa fomu ya I-20, na hiyo ndiyo unayoibeba kwenda kuomba viza. Mtu anayedai umtumie pesa kwa simu ili "akushikie nafasi" kabla hujawasiliana na chuo chenyewe ni mwizi, hata kama anamfahamu mjomba wako.

Kwa upande wa klabu, mawakala wenye leseni ya FIBA wameorodheshwa hadharani kwenye tovuti yake. Jina lisipokuwapo, usitie saini. Kuhama kutoka nchi moja hadi nyingine huhitaji barua ya kuruhusiwa kutoka shirikisho la nchi uliyochezea, na mchezaji wa chini ya miaka 18 hahamishwi ila kwa sababu maalumu. Soma mkataba ukiwa na mzazi na mwanasheria, na utafute humo mambo yafuatayo kwa maandishi: mshahara na tarehe ya kulipwa, nyumba, tiketi ya kurudi, nani analipa hospitali ukiumia na kama mshahara unaendelea ukiwa majeruhi. Hakikisha pia mna kipengele kinachopeleka mizozo kwenye mahakama ya usuluhishi ya mpira wa kikapu, BAT, yenye makao ya kisheria Geneva, kwa sababu bila kipengele hicho mchezaji asiyelipwa atalazimika kuidai klabu katika mahakama za nchi asiyoijua lugha yake. Nakala moja ya mkataba iliyotiwa saini na pande zote ibaki nyumbani, kwa mzazi au mlezi, kabla hujapanda ndege.